Maswali ya Wasomaji: Wakili Anawajibika kwa Nani?

Barua nne tulizozichagua mwezi huu zimetoka Urambo, Nzega, Tabora mjini na Ujiji, na zote zinagusa uhusiano wa wakili na dhamira yake. Nimezifupisha bila kuondoa hoja za wenyewe, na majina nimeyaacha kwa sababu baadhi ya mashauri yanayotajwa bado yako mahakamani.

*Mheshimiwa Mhariri, mimi ni mkulima wa tumbaku. Mhazini wa chama chetu cha msingi ameshitakiwa kwa kuiba fedha za malipo yetu. Kijiji kizima kinajua alichokifanya, maana alipandisha nyumba ya bati la rangi hali sisi tunadaiwa pembejeo na mabani yetu ya kukaushia tumbaku yanavuja. Sasa kijana wa hapa hapa, ambaye wazee wetu walimchangia ada ya shule, amekuwa wakili na ndiye anayemtetea. Alimhoji shahidi wetu, karani wa mizani, mpaka mzee wa watu akatetemeka kizimbani. Kanuni hii ya kumtetea mwizi ilitungwa na nani, na je, mtu mwenye dhamira anaweza kuifuata kisha akalala usingizi?* (Mkulima, Urambo)

Ndugu yangu wa Urambo, hakuna mtu mmoja aliyeketi akaitunga kanuni hiyo. Imekua polepole kwa zaidi ya miaka 2,000, na muda wote huo wamekuwapo watu waliokasirika kama wewe, baadhi yao wanafalsafa wakubwa. Athene ya kale haikuwa na mawakili kwa maana tunayoijua leo, bali mshitakiwa alisimama mwenyewe mbele ya mamia ya waamuzi akajitetea kwa kinywa chake. Mwenye uwezo alikwenda kwa mtunzi wa hotuba, kama Lysias, akaandikiwa maneno ya kuyahifadhi. Inasimuliwa kwamba Lysias alimwandalia mwanafalsafa Sokrate hotuba ya namna hiyo mwaka 399 KK, na Sokrate akaikataa, akasema ya kwake, akahukumiwa kifo. Mwanafunzi wake Plato aliishi na kumbukumbu ya hukumu ile, na katika maandishi yake aliushambulia ufundi wa kushawishi watu pasipo kujali ukweli, kwa kuwa unampa msemaji hodari ushindi juu ya mtu anayejua. Malalamiko yako dhidi ya kijana wenu, kwa msingi wake, ni malalamiko ya Plato.

Waroma ndio waliompa mtetezi heshima, na Cicero, aliyesimama mahakamani miaka mingi, ndiye aliyejaribu kuipima heshima hiyo. Mwaka 44 KK, akimwandikia mwanawe kuhusu wajibu, alisema kwamba ni ukatili kumshitaki asiye na hatia kwa kosa linaloweza kumwondolea uhai, lakini si vibaya kumtetea mwenye hatia, mradi asiwe mwovu wa kupindukia; jaji na aufuate ukweli, lakini wakili anaweza wakati mwingine kushikilia jambo linalofanana na ukweli hata kama silo hasa. Mara tu baada ya kuyasema hayo anaongeza kwamba asingethubutu kuyaandika kama Panaetius, mwalimu wa Kistoa aliyeheshimika sana, asingalikuwa na maoni yaleyale. Mimi husoma hapo dalili ya mtu ambaye hakuwa na raha na jibu lake.

Lakini chimbuko linalotuhusu kwa karibu zaidi liko Uingereza, kwa sababu ndiko ulikotoka utaratibu wa mahakama tulioupokea. Huko, hadi mwaka 1836, mtu aliyeshitakiwa kwa kosa kubwa kama wizi au mauaji hakuwa na haki ya kumtumia wakili kulihutubia jopo la waamuzi kwa niaba yake. Tangu karne ya 18 majaji walianza kuwaruhusu mawakili wawahoji mashahidi, lakini maelezo ya kujitetea yalitakiwa yatoke kwa mshitakiwa mwenyewe, ambaye mara nyingi hakujua kusoma, ametoka rumande na njaa, na adhabu iliyomngoja ilikuwa kitanzi. Waliotetea utaratibu huo walidai kwamba kusema ukweli hakuhitaji ufundi wowote. Yeyote aliyewahi kumwona mkulima asiye na kosa akibabaika kizimbani katika mkoa wetu huu anajua thamani ya dai hilo.

Katika mazingira hayo ndipo mawakili wenyewe walipoanza kutangaza wajibu wao kwa sauti kubwa. Mwaka 1792 Thomas Erskine alimtetea Thomas Paine, mwandishi aliyeshitakiwa kwa uchochezi dhidi ya ufalme akiwa tayari amekwenda Ufaransa, na kwa kuikubali kazi hiyo Erskine alipoteza cheo chake cha mwanasheria wa Mwana wa Mfalme. Hoja yake ilikuwa kwamba wakili anayekataa kumtetea mtu kwa kuwa amekwisha kumwona mkosaji amejifanya jaji kabla ya saa ya hukumu. Hoja hii, kwa maoni yangu, ndiyo jiwe la msingi, na ndiyo jibu la maneno yako kwamba kijiji kizima kinajua. Kijiji kinaweza kujua na kisikosee. Kinaweza pia kujua kwa kuwa kila mtu amesikia kwa jirani. Nyumba ya bati la rangi haisemi fedha zimetoka wapi, na Katiba yetu, ibara ya 13(6)(b), inakataza mshitakiwa kutendewa kama mkosaji kabla hatia yake haijathibitishwa. Lazima apatikane mtu ambaye kazi yake ni kuuliza jambo ambalo hakuna mwingine anayetaka kuliuliza.

Baadaye akaja Henry Brougham akaivuta hoja hiyo kupita mahali pake. Mwaka 1820 Mfalme George wa Nne alitaka Bunge limvue mkewe Caroline cheo cha umalkia na kuivunja ndoa yao kwa madai ya uzinzi, na Brougham, wakili wake, akamtetea malkia mbele ya Malodi, yaani baraza la juu la Bunge. Alisema kwamba wakili akiwa kazini anamjua mtu mmoja tu ulimwenguni, naye ni mteja wake, na kwamba hana budi kumwokoa hata kama kufanya hivyo kutaitia nchi yake katika machafuko. Wanafunzi wa sheria hufundishwa kauli hiyo kana kwamba ni amri iliyoshuka kutoka mlimani, lakini mazingira yake yanaiweka mahali pengine kabisa. Brougham alijua kwamba mfalme, kabla hajamwoa Caroline, alikuwa amefunga ndoa ya siri mwaka 1785 na Maria Fitzherbert, mjane Mkatoliki, na kwamba kwa sheria ya Uingereza ndoa na Mkatoliki ingeweza kumnyima kiti cha enzi. Maneno yake yalikuwa kitisho kwa mfalme. Mwenyewe alikiri hivyo miaka mingi baadaye, mwaka 1859, alipoandika kwamba hayakuwa maoni aliyoyafikiria kwa utulivu. Muswada ule uliondolewa Novemba 1820 baada ya kupita kwa tofauti ya kura 9 tu.

Kesi inayonisaidia zaidi kuliko hotuba zote hizo ni ya mtumishi wa chumbani. Usiku mmoja wa Mei 1840, mjini London, mzee Lord William Russell alikutwa kitandani amekatwa koo, na mtumishi wake, Mswisi aliyeitwa François Benjamin Courvoisier, akashitakiwa. Wakili wake, Charles Phillips, alianza shauri akiamini kwamba mteja wake hana hatia. Kesi ikiwa imekwisha kuanza, upande wa mashtaka ulimpata mwanamke mwenye hoteli ambaye Courvoisier alimwachia furushi la vyombo vya fedha vilivyoibwa kwa Russell. Aliposikia hayo, mshitakiwa alimwita Phillips na kumwambia kwamba kweli ni yeye aliyeua, lakini bado anategemea atetewe. Phillips kwanza alitaka kujitoa. Kisha akamwendea faraghani Jaji Parke, aliyekuwa ameketi pamoja na jaji aliyeongoza shauri, akamweleza. Parke akauliza kama mshitakiwa anasisitiza kutetewa, akaambiwa ndiyo, naye akajibu kwamba Phillips hana ruhusa ya kumwacha na anapaswa kutumia kila hoja ya haki inayotokana na ushahidi.

Basi Phillips akarudi akasimama mbele ya jopo. Courvoisier alitiwa hatiani akanyongwa Julai 1840, na habari za kukiri kwake zilipojulikana watu walimgeukia wakili kwa ghadhabu iliyoendelea magazetini hadi mwaka 1849. Wapo waliochukizwa kwamba alimtetea, lakini yaliyomng'ang'ania Phillips ni mambo matatu: kwamba alisema ni Mungu peke yake ajuaye nani alitenda uovu ule, hali yeye mwenyewe alikuwa ameambiwa, kwamba alielekeza shaka kwa watumishi wa kike wa nyumba ile, na kwamba aliichafua sifa ya yule mwenye hoteli aliyesema kweli. Phillips alikana hasa lile la watumishi, na wanahistoria wanaendelea kubishana. Kwetu sisi lililo muhimu ni kwamba mstari ulikwisha kuchorwa. Kuupima ushahidi wa upande wa mashtaka ni halali hata kwa mtu aliyekiri kwa wakili wake, lakini kuuambia umma uongo kwa kinywa chako, au kumtwisha asiye na hatia mzigo wa mteja wako, si halali. Mwaka 1864, Brougham, sasa mzee, alipoirudia kauli yake katika karamu ya mawakili, Jaji Mkuu Cockburn alimjibu palepale kwamba wakili atumie silaha zake kama askari na si kama muuaji wa kuvizia.

Sasa turudi kwa karani wenu wa mizani. Ikiwa kijana alimuuliza ni lini aliandika uzito wa marobota, nani mwingine aliyekuwa na ufunguo wa kabati la daftari, na kwa nini saini ya ukurasa mmoja hailingani na ya ukurasa mwingine, alikuwa akifanya kazi yake, hata kama mzee alitetemeka. Ikiwa alidokeza kwamba karani ndiye aliyekula fedha, huku akijua kutoka kwa mteja wake kwamba si kweli, basi amefanya lile ambalo Phillips alishutumiwa kwalo, na hasira yako ina msingi.

Lipo pia jambo ambalo hukuliuliza, nami ningelianzia hapo. Kama wazazi wa kijana huyo ni wanachama wa chama hichohicho na wanadai malipo yao, yeye ana maslahi katika fedha zinazodaiwa kuibwa, na wakili mwenye maslahi yanayogongana na ya mteja wake anatakiwa aliseme hilo waziwazi na mara nyingi ajiweke kando. Ada mliyomchangia haimfungi akatae kesi. Lakini ujirani wa namna hii unaweza kumfunga, na kwa faida ya mhazini mwenyewe kuliko yenu.

Niongeze moja kabla sijaiacha barua hii. Januari 1958 TANU ilikutana hapa Tabora na Mwalimu Nyerere akawashawishi wajumbe waingie katika uchaguzi wa kura tatu, ambao kila mpiga kura alitakiwa kuchagua Mwafrika, Mzungu na Mwasia. Katikati ya mwaka huohuo alisimama kizimbani Dar es Salaam kwa kesi ya kashfa ya jinai, kwa sababu ya aliyoyaandika juu ya wakuu wa wilaya wawili, na aliyemtetea ni D. N. Pritt, wakili wa Kiingereza ambaye miaka michache kabla yake alikuwa amemtetea Jomo Kenyatta kule Kapenguria. Pritt alishindwa kesi zote mbili. Kenyatta alifungwa miaka saba, Nyerere akatozwa faini ya shilingi 3,000 au kifungo cha miezi sita, akalipa. Kwa walowezi wa Kenya kumtetea Kenyatta kulikuwa ni kumtetea mtu ambaye kila mmoja wao aliamini ana hatia. Simfananishi mhazini wenu na hao. Nasema tu kwamba kanuni iliyompa Kenyatta wakili haikuulizia kwanza kama majirani wamekwisha kuamua.

*Ndugu Mhariri, nilimkopesha mfanyabiashara mwenzangu magunia ya mchele. Kwa miaka alikuwa akiniambia kwa mdomo, "Kaka, deni lako nalijua, vumilia." Nilipofungua kesi ya madai, wakili wake hakulikana deni hata kidogo, alisema tu kwamba muda wa kudai umepita, na kesi ikatupwa. Huyu si mwizi mwenye leseni?* (Mfanyabiashara, Nzega)

Hapa, ndugu yangu, nina huruma zaidi na mlalamikaji kuliko nilivyokuwa katika barua ya kwanza, na ninao wenzangu. Mwaka 1836, mwaka uleule Uingereza ilipowapa washitakiwa haki ya wakili, David Hoffman wa Maryland, Marekani, alichapisha maazimio 50 ambayo alitaka kila wakili kijana ayaweke moyoni. Mojawapo lilikuwa kwamba hatatumia kamwe hoja ya ukomo wa muda kulikwepa deni ambalo mteja wake anajua analo, kwa sababu kupita kwa siku hakumfanyi mdaiwa awe amelipa. Na akasema mteja hatamfanya yeye mshirika wa ulaghai huo. Hoffman aliamini kwamba wakili ana dhamira yake, na mteja haikodishi pamoja na ulimi.

Maazimio yale hayakuwa sheria. George Sharswood wa Philadelphia alihutubia juu ya maadili ya mawakili mwaka 1854 kwa msimamo wa tahadhari zaidi. Chama cha mawakili cha Alabama kikatunga kanuni rasmi mwaka 1887, na chama cha mawakili cha Marekani yote kikafuata mwaka 1908. Kadiri kanuni zilivyoandikwa kwa vifungu ndivyo azimio la Hoffman lilivyofifia, na hoja ya ukomo ikawa kifaa cha kawaida.

Wanafalsafa walilirudia jambo hili baada ya kashfa ya Watergate, ambayo watu wengi waliohusika nayo, akiwamo Rais Nixon wa Marekani mwenyewe, walikuwa wanasheria. Mwaka 1975 Richard Wasserstrom aliuliza kama cheo cha uwakili kinaweza kumpa mtu ruhusa ya kufanya yale ambayo kwa mtu wa kawaida yangekuwa maovu. Charles Fried alijibu mwaka 1976 kwamba wakili ni kama rafiki, na rafiki anaruhusiwa kukupendelea. Sijawahi kuridhika na jibu hilo, maana rafiki hakutozi kwa saa, na rafiki wa kweli angemwambia mdaiwa wako, "Lipa deni la watu." David Luban, aliyeandika miaka iliyofuata, anakaribia zaidi ukweli anaposema kwamba ulinzi wa wakili wa jinai una nguvu kwa sababu mshitakiwa mmoja anakabiliana na dola nzima yenye polisi, magereza na hazina, na kwamba nguvu hiyo haihamii yenyewe katika kesi ya madai ambako mwenye nacho anambana asiye nacho. Ndiyo sababu naona wakili wa mhazini wa Urambo ana udhuru mzito kuliko wakili wa mdaiwa wako.

Hata hivyo usimlimbikizie yeye peke yake. Sheria ya Ukomo ya mwaka 1971 inaweka miaka 6 kwa madai ya mkataba, na kifungu chake cha 3 kinaiagiza mahakama ilitupe shauri lililochelewa iwe hoja hiyo imeletwa na mdaiwa au haikuletwa. Kwa hiyo hata kama wakili yule angekuwa Hoffman mwenyewe na akanyamaza, hakimu alipaswa kuona tarehe na kulitupa. Ukomo una sababu yake pia: mashahidi hufa, risiti huliwa na mchwa, na mtu hawezi kuishi akingoja kushitakiwa kwa jambo la miaka 20 iliyopita. Kilichokuponza ni kukubali ahadi za mdomo. Sheria hiyohiyo inasema kwamba mdaiwa akilikiri deni kwa maandishi na kutia saini, au akilipa sehemu yake kabla muda haujaisha, siku zinaanza kuhesabiwa upya. Karatasi moja ya daftari yenye maneno mawili na saini ingekuokoa.

*Assalaam alaykum. Katika Surat An-Nisaa, aya ya 105, Mtume (S.A.W.) anaamrishwa asiwe mtetezi wa wafanyao hiana. Je, hii haitoshi kuuharamisha uwakili wa kumtetea mkosaji? Jirani yangu Mkatoliki anasema kanisa lake halina tatizo na jambo hilo.* (Mwalimu wa madrasa, Tabora mjini)

Wa alaykumu s-salaam, Ustadh. Sababu ya kushuka kwa aya hizo, kama wafasiri wanavyoisimulia, inaeleza jambo kubwa. Mtu mmoja wa Madina aliiba deraya, yaani vazi la chuma la vitani, na alipoona anakaribia kugunduliwa akaiacha kwa Myahudi ili mwenzake huyo ashikwe. Jamaa za mwizi wakaja kwa Mtume kumtetea ndugu yao na kumsukumia Myahudi, na wahyi ukateremka kumsafisha Myahudi asiye na kosa. Utetezi unaolaaniwa hapo si wa kumtaka mshitaki alete ushahidi; mafakihi wenyewe wanashika kanuni kwamba ushahidi uko juu ya mdai na kiapo kiko juu ya anayekana. Kinacholaaniwa ni kumwokoa wa kwako kwa kumwangamiza mwingine kwa uongo, na huo ni mstari uleule ambao London ilikuja kuugombania mwaka 1840.

Iko pia hadithi inayopokewa kutoka kwa Umm Salama katika Bukhari na Muslim, ambamo Mtume anasema kwamba yeye ni binadamu, anahukumu kwa anayoyasikia, na huenda mmoja wa wagombanao akawa hodari wa hoja kuliko mwenzake. Basi atakayepewa haki ya ndugu yake kwa njia hiyo ajue amepewa kipande cha moto. Naomba uitazame vizuri. Inakubali kwamba ufasaha unaweza kumpotosha hata mwamuzi bora, lakini haifungi mlango wa hoja, na mafakihi waliruhusu mtu kumweka wakili wa kumsemea katika kesi. Inachokifanya ni kuuweka moto mkononi mwa anayechukua kisicho chake, hata akiwa na hukumu ya kadhi mfukoni. Wakili anayemsaidia akijua ana hesabu yake pia, na sioni mwanachuoni atakayemwambia vinginevyo.

Jirani yako naye amelichukulia jambo kwa wepesi mno. Thomas wa Aquino, katika karne ya 13, aliliuliza swali hili waziwazi na kujibu kwamba wakili anayetetea shauri la dhuluma kwa kujua anatenda dhambi kubwa, na zaidi ya hapo anawajibika kumfidia aliyepata hasara. Asiyejua ana udhuru kwa kadiri ya kutojua kwake. Na akigundua katikati ya shauri? Thomas anasema asimsaliti mteja wake kwa kutoa siri zake kwa upande wa pili, lakini anaweza, na ni wajibu wake, kuacha kesi au kumshawishi mteja akubali au apatane bila kumdhuru mpinzani. Wanafunzi wa seminari ya Kipalapala wanaweza kumwonyesha jirani yako mahali penyewe. Anaweza pia kukumbushwa habari za Alfonso Liguori, wakili wa Naples aliyeshindwa kesi mwaka 1723, akaacha mahakama moja kwa moja, akawa padre na hatimaye mwalimu mkuu wa maadili katika kanisa hilo. Sijui padre huyo angemwambia nini Phillips. Nadhani angemruhusu abaki, lakini asitaje jina la Mungu.

Ugumu wangu na Thomas ni kwamba mfano anaoonekana kuufikiria ni wa ugomvi wa mali, ambamo dhuluma ya mmoja ni hasara ya mwingine. Kipimo chake kinafaa sana kwa mgogoro wa shamba kule Uyui, na kingemfaa yule wakili wa Nzega. Katika kesi ya jinai, kumwacha mshitakiwa bila msemaji katikati ya safari ni jambo jingine, na hapo namfuata Jaji Parke.

*Mhariri, mama yangu ameshitakiwa kwa kughushi hati ya kiwanja. Wakili anamtaka amweleze kila kitu bila kuficha, lakini mama anaogopa kwamba atayasema mahakamani. Mama anazungumza Kiha tu, na binti wa jirani ndiye mkalimani wake.* (Binti, Ujiji)

Mwambie mama asimfiche wakili. Kifungu cha 134 cha Sheria ya Ushahidi ya mwaka 1967 kinamkataza wakili kuyatoa aliyoambiwa na mteja kwa ajili ya kazi yake, isipokuwa mteja mwenyewe ameridhia. Ulinzi huo una mpaka: haufuniki mazungumzo ya kupanga kosa jipya, wala haufuniki jinai au udanganyifu ambao wakili anauona ukitendeka baada ya kuajiriwa. Akimwambia, "Nilighushi," ni siri. Akimwambia, "Nisaidie kughushi nyingine," si siri.

Wapo walioipinga siri hii. Jeremy Bentham aliandika mwaka 1827 kwamba asiye na kosa hana cha kuogopa, kwa hiyo kinga hiyo inamfaa mkosaji peke yake. Hoja yake huvutia mpaka umfikirie mtu kama mama yako, ambaye hajui lipi katika maelezo yake linamtia hatiani na lipi linamwokoa, na ambaye akiogopa atalificha hilo la pili pamoja na la kwanza. Bei ya siri, hata hivyo, inaweza kuwa kubwa mno. Mwaka 1973, katika jimbo la New York, mawakili Frank Armani na Francis Belge walielezwa na mteja wao, Robert Garrow, mahali alipoacha maiti za wanawake wawili. Walikwenda, wakaziona, wakanyamaza kwa miezi, hata baba wa mmoja wao alipokuja kuwauliza kama wanajua lolote kuhusu bintiye. Habari zilipotoka mwaka 1974, jamii yao iliwachukia, na Belge alishitakiwa chini ya sheria ya afya ya umma kwa habari za maiti hizo. Mahakama iliyafuta mashtaka. Nimeirudia kesi hiyo mara nyingi, na naona walikuwa sahihi kisheria bila ya mimi kuweza kumtazama yule baba usoni.

Kuhusu mkalimani uwe mwangalifu. Katazo lile linawafunga pia makarani na wakalimani wa wakili, lakini binti wa jirani mliyekwenda naye nyinyi wenyewe anaweza kubishaniwa kama ni mkalimani wa wakili au ni mtu wa nje aliyesikia. Mwombeni wakili amtafute yeye mkalimani wa Kiha, amlipe kutoka ofisini kwake na amweleze wajibu wake wa kutunza siri, na binti wa jirani angoje nje.